Kikao cha hadithi kisigeuke mahubiri: mwongozo kamili kwa wanaoongoza vikundi Bukavu

Vikao vingi vya hadithi vinavyoanzishwa ili kupunguza mzigo wa roho vinafia mahali pamoja: dakika tano baada ya msomaji kukunja karatasi. Mmoja anauliza "Tumejifunza nini?", mwalimu au mchungaji aliyemo anashika neno, na wale waliokuja na mawazo mengi wanaangalia sakafu mpaka saa iishe. Au inakuwa kinyume: mama mmoja anaangua kilio, watu wanamrukia wote kwa pamoja, na wiki ya pili harudi.

Mwongozo huu ni wa kikao kimoja cha dakika 90. Hadithi inayotumika ni ya kawaida kabisa, ya mapenzi, ya familia au ya mjini, kama zile zinazozunguka kwenye WhatsApp zikiwa na "Sehemu ya 7" juu na "Itaendelea" chini. Si lazima iwe fasihi ya darasani. Kikao hiki si matibabu, na anayekiongoza hajawa daktari kwa sababu ameshika karatasi. Kazi yake ni ndogo na ngumu: kumweka mhusika wa hadithi katikati ya duara mpaka mwisho.

## Vitu vya kuandaa

- Hadithi moja ya maneno 1,000 hadi 1,400, fotokopi 2 tu: ya msomaji na ya mwangalizi.
- Watu wawili wa kuongoza. Msomaji anasoma na kuuliza. Mwangalizi hasemi, anaangalia nyuso, mikono na mlango. Ukiwa peke yako, ahirisha.
- Viti 9 hadi 13 kwa duara, bila meza katikati. Kimoja kibaki wazi karibu na mlango.
- Maji ya kunywa, vikombe, na karatasi laini za kujipangusia.
- Saa ya ukutani, au simu iliyozimwa mtandao.
- Karatasi tupu na kalamu kwa kila mtu.
- Kitu kidogo cha kula mwishoni: mandazi, ndizi, karanga.
- Kipande cha karatasi chenye mahali pa kumpeleka mtu akizidiwa: kituo cha afya cha karibu, kituo cha SOSAME kwa matatizo ya akili, hospitali ya Panzi kwa aliyebakwa. Kabla ya siku yenyewe, tuma mtu aulize saa wanazopokea watu na kama njia inapitika.

Usilete daftari la mahudhurio wala kupiga picha. Bukavu watu wamezoea mikutano ambayo mtu anasaini, anapigwa picha, kisha anapewa pesa ya transporti. Mtu akisaini, anaanza kusema yale anayodhani mwenye daftari anataka kuyasikia.

## Hatua ya 1: Chagua hadithi iliyo hatua moja mbali

Hapa ndipo nusu ya kazi inapoharibika. Kikundi ni cha watu waliokimbia vita, mwongozaji anatafuta hadithi ya watu waliokimbia vita. Kikundi ni cha wajane, analeta hadithi ya mjane. Nia ni nzuri, lakini hadithi inafaa kwa sababu ni pazia: mtu anajificha nyuma yake na bado anaona. Ukileta kidonda chake kilekile, pazia limeondoka, na mtu anabaki mbele za watu bila kitu cha kujifunika.

Sogea hatua moja. Kwa waliopoteza nyumba, chagua hadithi ya aliyepoteza urafiki. Kwa wajane, hadithi ya anayemngoja mtu asiyepiga simu.

Katika mwongozo huu tutumie mfano mmoja. Mwanamke anaitwa Furaha. Mume wake alikwenda Kamituga kutafuta dhahabu, na miezi minane imepita. Kila Jumamosi Furaha anachukua shati moja la mume, analifua, analianika, analipiga pasi ya makaa na kulirudisha kabatini. Halijavaliwa, halina uchafu, na kola imeanza kupauka kwa sabuni. Jumamosi moja mama mkwe anamkuta akipiga pasi, anasimama mlangoni, hasemi neno, kisha anakwenda kuleta makaa mengine.

Hadithi nzuri kwa kazi hii ina mambo matatu: mtu anayetaka kitu, kitu cha kushikika kwa mkono (hapa ni shati), na fundo ambalo halijafunguliwa. Kataa hadithi ambayo "mwanamke mbaya" anapata ajali kwenye ukurasa wa mwisho na kila mtu anasema amen. Hiyo imeshafunga mlango kabla kikundi hakijaingia.

Onyo: jina la mhusika lisiwe la mtu aliyemo kwenye duara. Kina Furaha ni wengi Bukavu. Badilisha mapema.

Imefaulu ikiwa: unaweza kueleza hadithi kwa sentensi tatu, na hakuna mtu kikundini atakayesema "huyo ni mimi kabisa".

## Hatua ya 2: Kata, geuza, pima

Hadithi nyingi za simu zimeandikwa Tanzania. Kiswahili chake kinaeleweka, lakini baadhi ya maneno yanamsimamisha msikilizaji. Shilingi igeuze kuwa franka. Daladala iwe taksi. Mahari, ambayo wengi hapa wanaiita dote, iite hivyo. Usiguse kingine, ladha ya mbali kidogo inasaidia lile pazia.

Soma kwa sauti ukiwa peke yako, na saa mbele yako. Maneno 1,200 kwa mwendo wa utulivu yanachukua dakika 12 hivi. Ikizidi 15, kata maelezo ya mandhari kwanza, halafu mahubiri ya mwandishi. Mazungumzo usiyakate.

Weka alama mbili pembeni: mahali pa kusimama. Ya kwanza iwe baada ya kitu kuonekana mara ya kwanza (Furaha anapoanika shati). Ya pili iwe kabla tu ya fundo (mama mkwe mlangoni). Na pale ambapo koo lako mwenyewe linakaza unaposoma, piga mstari. Rudia hapo mpaka sauti yako isikatike, kwa sababu msomaji akilia kwanza, kikundi kinaacha hadithi na kuanza kumhudumia yeye.

## Hatua ya 3: Watu na mahali

Watu 6 hadi 10. Chini ya sita, kila mmoja anajiona anatazamwa. Juu ya kumi, watatu ndio watakaoongea. Usimweke mkwe na mama mkwe wake katika duara moja, wala mwenye nyumba na mpangaji, wala bosi na mfanyakazi. Wanaume na wanawake wanaweza kuwa pamoja, lakini ikiwa hadithi inagusa mwili au ndoa, watenganishe.

Anza saa nane mchana, ili kila mtu afike kwake kabla ya giza. Katika msimu wa mvua, kuanzia Septemba hadi Mei, chunguza paa. Mvua ya Bukavu ikipiga bati lisilo na dari, hata mwenye sauti ya kwaya hasikiki mita mbili. Tafuta chumba chenye dari, au vuteni viti mpaka magoti yakaribiane.

## Hatua ya 4: Kufungua (dakika 10)

Sema mambo manne, kwa maneno mafupi, na usiongeze la tano:

"Tutasikiliza hadithi ya mtu ambaye hayupo hapa. Tutazungumza juu yake, si juu yetu. Ukitaka kunyamaza, nyamaza, hatutakuuliza sababu. Hakuna pesa ya transporti, hakuna picha, na lolote utakalolisikia kwa mwenzako linabaki hapa."

Usiahidi kwamba hadithi "itaponya". Na kama ulisikia kwamba utafiti umethibitisha kuwa kusoma hadithi kunamfanya mtu aelewe hisia za wengine papo hapo, jua kwamba matokeo yaliyovuma mwaka 2013 kutoka Marekani hayakurudi vilevile watafiti wengine walipoyajaribu tena. Kusoma hadithi kwa miaka mingi na kuwaelewa watu vinaonekana kwenda pamoja. Lipi linavuta lingine, bado wanabishana.

## Hatua ya 5: Kusoma (dakika 15)

Msomaji mmoja, mwanzo hadi mwisho. Kupokezana kunaaibisha wasiojua kusoma vizuri, na hadithi inageuka mtihani.

Kwenye alama ya kwanza, simama pumzi tatu, usiulize kitu. Kwenye ya pili, uliza swali moja tu: "Mnadhani mama mkwe atasema nini?" Pokea majibu mawili matatu, usiyasifu wala kuyapinga, endelea kusoma.

Ukimaliza, kaa kimya dakika nzima kwa saa. Ni ndefu. Sekunde ya ishirini mtu atakohoa, ya arobaini utatamani kusema kitu. Usiseme. Ukimya huo ndio unaomzuia yule msemaji wa kwanza wa siku zote asichukue kikao.

## Hatua ya 6: Maswali (dakika 30)

Kabla ya kupanga maswali, fahamu jambo lililopimwa hukuhuku kwetu. Mwanasaikolojia wa Marekani, Elizabeth Levy Paluck, alifuatilia mchezo wa redio uliorushwa kwa mwaka mmoja mashariki mwa Kongo. Sehemu fulani walisikia mchezo peke yake. Sehemu nyingine ulifuatwa na kipindi kilichowahimiza wasikilizaji wajadiliane. Matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2010, yaliwashangaza wengi: waliohimizwa kujadiliana walijadiliana zaidi kweli, lakini walibaki na kinyongo zaidi na uvumilivu mdogo zaidi, na utayari wao wa kuwasaidia watu wasiowapenda ulikuwa mdogo kuliko wa wale waliosikia mchezo tu.

Kwa hiyo kuzungumza peke yake si dawa. Mazungumzo yaliyoachwa bila kamba yanakwenda yalikozoea: nani alituonea, ardhi ni ya nani, watu wa upande ule walivyo. Kamba yako ni mhusika.

Uliza kwa mpangilio huu, na usiruke.

Kwanza, kinachoonekana. "Shati lina rangi gani? Furaha amesimama wapi? Makaa yametoka wapi?" Yanaonekana maswali ya watoto. Sababu yake ni kwamba yanampa nafasi mtu ambaye bado hawezi kusema neno la hisia, na yanawaweka wote ndani ya chumba kimoja.

Pili, mwili wa mhusika. "Anapopiga pasi, mikono yake ikoje? Anahisi wapi: kifuani, tumboni, kichwani?" Wengi wetu tunasema "roho inaniuma" au "niko na mawazo mengi", na tunaishia hapo. Ukipata mwili, neno linafuata. Mmoja atasema upweke, mwingine aibu, mwingine hasira, na yote matatu yanaweza kukaa ndani ya shati moja. Usichague moja kuwa jibu sahihi.

Tatu, anachojua na asichokijua. Hapa ndipo hukumu zinapoanza kulegea. Itakuwa hivi:

— Huyo Furaha ni mjinga. Bwana amepata mwanamke mwingine kule Kamituga.

— Kwenye hadithi, Furaha anajua nini juu ya hilo?

— Hajui kitu.

— Basi usiku, asiyejua kitu anafikiri nini?

Aliyesema "mjinga" mara nyingi ndiye atakayejibu swali hilo la mwisho, na atalijibu polepole.

Nne, hatua moja ndogo. "Jumamosi ijayo, Furaha angeweza kufanya nini tofauti kidogo?" Sisitiza *kidogo*. Wakisema "aolewe tena", waulize "kabla ya hapo, siku hiyo ya Jumamosi, asubuhi?" Majibu mazuri ni madogo: ampe mama mkwe upande mmoja wa shati wakunje pamoja, aulize mtu aliyerudi kutoka Kamituga, asilifue wiki moja aone itakuwaje.

Maswali matatu usiyaulize kamwe. "Tumejifunza nini?" linaita mahubiri. "Nani ana makosa?" linaita kesi. Na "Je, haya yamekutokea wewe?" ndilo baya kuliko yote, ingawa linaonekana la huruma. Kumsukuma mtu aeleze msiba wake wote kwa mkao mmoja hakujaonyesha kuzuia madhara ya baadaye, na kwa wengine kunaweza kuyaongeza. Atakayetaka kusema yake atayasema bila kuulizwa. Msikilize, mshukuru, usimwombe aongeze.

Mtu akipeleka maneno kwenye kabila au siasa, usimkaripie na usimjibu. Uliza: "Ndani ya hadithi, aliyefanya hivyo anaitwa nani?" Atasema hayumo. "Sawa, papa. Basi turudi kwa Furaha." Mara ya tatu, mwangalizi azungumze naye nje kwa heshima.

Imefaulu ikiwa: jina la mhusika limetajwa mara nyingi kuliko neno "mimi" na kuliko neno "wao", na angalau watu wawili wamebadilisha maoni yao juu ya mtu mmoja wa hadithi.

## Mtu akilia, au akiganda

Kulia si ajali. Mwangalizi anahamia kiti cha karibu, anaweka maji pale mkono unapofika, anakaa. Msomaji anaendelea kwa sauti ya chini. Mara nyingi inatosha.

Anayeganda ni wa kuangaliwa zaidi kuliko anayelia: macho yamekodoka mahali pamoja, hajibu jina, mikono ya baridi. Mwangalizi afanye hivi:

1. Amwite kwa jina lake, kwa sauti ya kawaida: "Mama, uko hapa Kadutu, ni mchana, mimi niko pembeni yako."
2. Amwambie akanyage sakafu kwa nguvu kwa miguu yote miwili.
3. Amwombe ataje vitu vitano anavyoviona, vinne anavyoweza kuvigusa, vitatu anavyovisikia.
4. Pumzi: kuvuta kwa hesabu ya nne, kutoa kwa hesabu ya sita, mara kumi.

Usimguse kabla ya kuomba ruhusa. Usimtoe nje kwa kumshika mkono. Wengine walishikwa hivyo hivyo siku mbaya. Na usimuulize amekumbuka nini.

Mambo mawili hayangoji kikao kiishe. Mtu akisema amebakwa siku hizi, kila saa ina thamani: dawa za kuzuia VVU zinatakiwa kuanza ndani ya saa 72. Mwangalizi anaondoka naye, akikubali, sasa hivi. La pili ni mtu anayesema hataki kuishi tena. Muulize wazi, mkiwa pembeni: "Unafikiri kujiua?" Kuuliza hakumpandikizii wazo hilo, kunampa ruhusa ya kusema kweli. Akisema ndiyo, asiachwe peke yake mpaka afike mikononi mwa ndugu anayemwamini na mtu wa afya.

## Hatua ya 7: Kalamu (dakika 15)

Kila mmoja anaandika barua ya mhusika. Si yake. Furaha anamwandikia mume, au mama mkwe anamwandikia Furaha, au shati linamwandikia mwenye shati. Hili la mwisho watu watalicheka kisha wataliandika vizuri kuliko yote.

Dakika 15 hazikuokotwa. James Pennebaker, mwanasaikolojia wa Marekani aliyeanza kupima uandishi wa aina hii miaka ya 1980, alitumia muda huo, siku nne mfululizo. Watu wake waliandika juu ya maumivu yao wenyewe, na wengi walitoka na huzuni zaidi siku hiyo kabla ya nafuu kuja baadaye. Wewe huna siku nne wala huwezi kuwafuata nyumbani. Ndiyo maana kalamu inabaki kwa mhusika.

Asiyeandika amnong'oneze jirani, au arekodi kwenye simu yake mwenyewe kisha afute. Hakuna anayesoma barua kwa sauti asipotaka. Usikusanye karatasi hizo. Ukizikusanya hata mara moja, wiki ijayo watakuandikia wewe.

## Hatua ya 8: Kufunga (dakika 20)

Toa mandazi. Kula kunarudisha mtu kwenye mwili wake, na midomo yenye mandazi haihubiri.

Kisha zungukeni: kila mmoja anasema kitu kimoja atakachofanya leo kabla ya kulala. "Ninapita soko kununua sambaza." "Ninakwenda kutwanga sombe." (Sambaza ni samaki wadogo, sombe ni majani ya muhogo.) Ikiwa mtu hana jibu, au anasema "sijui" akiangalia mbali, mwangalizi amsindikize mpaka barabarani na apate jina la mtu aliye nyumbani kwake.

## Baada ya watu kuondoka

Msomaji na mwangalizi wakae dakika 10. Andikeni mambo matatu bila majina ya watu: swali gani lilifungua, swali gani liliua, nani wa kuangaliwa wiki ijayo (kwa alama mnayoijua nyinyi wawili).

Panga vikao sita, kimoja kwa wiki, siku moja na saa ileile, kila kimoja na hadithi yake. Kikao cha kwanza kwa kawaida ni kibaya. Watu bado wanasubiri pesa ya transporti. Cha tatu ndicho kipimo. Ikiwa kufikia hapo watu wale wale wanarudi, na mmoja anaingia akiuliza "Je, yule Furaha, bwana alirudi?", endelea. Ikiwa wamebaki watatu, au wawili wanalala vibaya zaidi kila baada ya kikao, simamisha, waelekeze kwenye kituo cha afya, na urudi hatua ya 1 na karatasi nyingine.

Na akikuuliza kama bwana alirudi, mwambie karatasi inaishia pale mama mkwe anapoleta makaa.